Kilio Alichokiandika Marehemu

Maiti ilikuwa inawashwa pua.

Kosa lilikuwa la pamba. Honorine, mke wake, aliijaza puani kama mtu anayeziba tobo la paa, na sasa Musonda alikuwa amelala ndani ya sanduku, sebuleni kwake Katuba, mikono kifuani, akimwomba Mungu amwepushe na chafya.

Upande wa miguu, jirani yao Chileshe alikuwa anamtukana. Alikuwa na haki. Ukoo wake na ukoo wa Musonda ni banungwe, yaani watani, na desturi inawataka banungwe wamcheke marehemu mpaka kaburini.

"Weye Musonda! Maisha yote ulikuwa unachekesha bantu, leo njo unatuita tulie? Na unakufwa na soksi ya matobo! Kule mbinguni watakufungulia mulango gani?"

Waombolezaji wakacheka. Maiti ikauma ulimi.

Siri waliijua watu wawili tu: Honorine na Kapya. Kapya ni yule mchekeshaji wa televisheni, mwenye mto tumboni na kofia ya upande. Kila Jumapili jioni Lubumbashi nzima ilikuwa inavunjika mbavu kwa maneno ya kinywa chake. Maneno yenyewe aliyaandika Musonda, lakini nani anayekunywa maji ya bomba akauliza jina la mto? Kapya akiingia bar, bia zilimfuata mezani. Musonda akiingia, walimuuliza kama Kapya yuko njiani.

"Ni miye njo naandika!" alilalamika, bar moja baada ya nyingine. Hakuna aliyejali, mpaka Jumapili iliyopita.

Mchezo ulikuwa wa baba mmoja anayetibiwa Ulaya, ambaye kila asubuhi anapiga simu nyumbani kuuliza kama mbuzi wake bado wanasimama wima akikohoa. Mji mzima ulijua ni nyumba gani: ya rais. Kesho yake, wanaume wenye miwani myeusi wakaanza kuzunguka Katuba wakiuliza: nani alitunga? Safari hii bar zote zilikumbuka jina lake.

Basi Musonda akatunga mchezo mwingine: kifo chake. Sanduku lingepakiwa kwenye lori mpaka Kasenga, kama maiti inayorudishwa kwao, na usiku angevuka mto Luapula, atoke nchini akiwa mzima. Honorine aliandikiwa vilio. Kapya aliandikiwa hotuba ya rafiki, akaisoma mara moja, akanuna.

"Ya kwangu iko mufupi."

Asubuhi hiyo risasi zililia upande wa kiwanja cha ndege, kisha zikanyamaza. Baadaye vigelegele vikajaa barabarani. *Wamevunja depo ya bia,* Musonda aliwaza. Wiki hiyo kila mtu alikuwa anavunja kitu. Askari wenyewe walikuwa wanakimbilia Kipushi na magodoro ya watu kichwani. Alimsikia Kapya akitoka kwenda kuchungulia, kisha akirudi anahema.

Gari likasimama mbele ya nyumba. Viatu vizito vikaingia. Chileshe akakatiza tusi katikati.

"Poleni sana, akina mama," ilisema sauti ya kiume.

Kiswahili, tena cha adabu! Askari wa siku zote, hata kuku alikuwa anakunyang'anya kwa Kilingala. *Wametuma mkubwa. Muuaji mwenye shule.*

"Tunamtafuta mtu aliyetunga mchezo wa mbuzi. Tumeambiwa anakaa hapa."

Honorine alikuwa chini, kitenge usoni kama mjane. Hakuinua kichwa. "Njo huyu mu sanduku, papa," alilia, neno kwa neno kama alivyoandikiwa. "Alikufwa jana. Ni moyo."

Hatua zikakaribia. Musonda akazuia pumzi. Yule mkubwa alisimama juu yake muda mrefu.

"Hasara," alisema.

*Hasara ya risasi yake,* Musonda aliwaza.

Hapo Kapya akajikohoza. Kikohozi hicho hakikuwa kwenye maandishi.

"Chef, musamehe mama, kilio kinamuchanganya. Ule mchezo, ni miye njo niliutunga. Na ingine yote. Huyu marehemu alikuwa ananibebea tu nguo."

Ndani ya sanduku, moyo wa Musonda, uliotangazwa kufa, ukaanza kupiga ngoma. Miaka yote alikuwa anamwita Kapya mwizi. Na sasa mwizi huyo, mbele ya bunduki, alikuwa anamwibia hata kifo! Alitaka kuinuka apige kelele: mwongo, ni mimi, mwacheni. Akamfikiria Honorine. Akabaki maiti. Chozi moja likateleza mpaka sikioni, na akaapa kwamba akifika ng'ambo atamwandikia Kapya mchezo mrefu wa peke yake, bila mtu mwingine jukwaani.

"Una hakika?" mkubwa aliuliza. "Ukitudanganya, utajibu."

"Hakika kabisa, chef. Hakukuwa mwingine."

Viatu vikagongana kwa saluti.

"Basi, bwana mkurugenzi, gari linakungoja. Askari wa rais wa zamani wamekimbia asubuhi hii. Mji ni wetu, na kuanzia leo televisheni ni yako."

Musonda akafumbua macho. Lakini kifuniko kilikuwa tayari kinashuka, na juu yake ile sauti ambayo Lubumbashi nzima inaipenda:

"Aksanti, chef. Lakini tumalize kwanza heshima ya mutumishi wangu. Nani iko na misumari?"