Bakhita Apanda Basi la Watalii

Bakhita aliziba pua kwa ncha ya mtandio hata kabla mlango wa basi haujafunguliwa. Watalii sita aliopanda nao wakashuka mbio, kamera mikononi. Nje kulinuka mpira ulioungua, mafuta machafu na jasho la wanaume.

"Tumefika mtaa wa Ghala," alitangaza Marhoon, kijana aliyewaongoza. Kila Jumatano baada ya isha aliwachukua wageni mahotelini mwa mji huu wa Uarabuni, akawaleta kwenye uwanja huu wenye ukuta, nyuma ya magereji, waone magari ya Kijapani na watu waliorukwa na akili kwa ajili yake.

Bakhita hakuja kuona magari. Alikuja kumfumania mwanawe.

Mwaka uliopita Asaad aliazima gari la aina hiyo akalibamiza ukutani kule Hamriya, akavunjika mfupa wa bega. Alipotoka hospitali, Bakhita alimwekea Msahafu mbele yake, naye akaapa kwamba hatashika tena usukani wa gari la mashindano. Sasa alikuwa na miaka ishirini na miwili, amebakisha mwaka mmoja chuo kikuu, na kila Jumatano alirudi na kanzu inayonuka moshi wa matairi. Udhuru wake haukubadilika: anampeleka bibi yake kwa nduguye, mtaa wa Al Khoudh.

Bibi mwenyewe, Bi Nunu, mama mzazi wa Bakhita, alikuwa mtu ambaye akipakiwa garini hukanyaga sakafu kila taa nyekundu ikitokea mbele. Hata hivyo alimkingia kifua mjukuu wake.

"Mtoto hasemi uongo," alisema mchana ule. "Nawe umezidi kumchunga, utadhani mbuzi."

Gari, Bakhita angelisamehe. Kiapo cha uongo, hapana. Sanduku la nguo za Asaad lilikuwa limeshafungwa. Akimkuta kwenye usukani, alfajiri kijana anakwenda mji wa mbali wa Sur kwa mjomba wake, na chuo ndiyo basi tena.

Waliingia uwanjani. Chini palitapakaa maganda ya alizeti, vitambaa vya grisi na mate. Mwanamume mwenye ndevu zake kamili alikuwa amepiga magoti, anasugua gurudumu kwa kofia aliyoivua kichwani. Bakhita alimtazama akasonya. Huyu nyumbani kwao hata kikombe alichonywea hakiondoi mezani.

Mtalii mmoja wa kike aliinamia injini iliyofunuliwa, akavuta harufu, akafumba macho.

"Pole, mwanangu," Bakhita alimwambia kwa Kiswahili.

Marhoon alicheka. Kumbe na yeye wazee wake walitoka Unguja.

"Mama, usiyadharau. Haya yameletwa kama yalivyotoka Japani, hatukubadilisha kitu. Ndiyo maana hayaruhusiwi barabarani. Huja hapa mgongoni mwa lori na huondoka mgongoni mwa lori."

"Kama takataka."

"Kama maharusi, mama!"

Kabla hajamjibu, kelele zikapanda. Skyline nyeupe iliingia katikati ya uwanja ikaanza kuzunguka, matairi yakilia kama kuku anayechinjwa na mchinjaji asiyejua kazi. Moshi ulipanda mweupe, mzito, ukawaangukia watu usoni. Walikohoa huku wakishangilia. Bakhita alihisi ladha ya mpira kwenye ulimi, akatema, kisha akaona aibu kwamba na yeye sasa anatema hadharani kama wao.

"Huyu ndiye fundi wao," Marhoon alipiga kelele ili asikike. "Wiki ya tano hii anawashinda wote. Wengine wamekataa hata kushindana naye!"

Gari lilizunguka, likapita karibu. Dirisha la kushoto, upande anaokaa dereva nchi hii, lilikuwa wazi. Ndani yake alikaa Asaad, kichwa nyuma, meno yote nje, mkono mmoja ukipiga mlango kama ngoma.

Hasira zilimpanda Bakhita. Kuapa kwa Msahafu, na uongo wenyewe anaufanya kwa mkono mmoja!

"Nani huyo?" aliuliza mtalii.

"Mshenzi mmoja," alijibu Bakhita, akavuka kamba.

"Mama! Mama, rudi!" Marhoon alimkimbilia, lakini Bakhita alikwisha fika katikati. Skyline ikafunga breki. Injini ikazimwa. Kikabaki kikohozi cha watu tu.

Bakhita alifungua mlango kwa nguvu, akamkamata Asaad ukosi wa kanzu.

"Shuka! Shuka, mnafiki mkubwa we! Umeapa mbele yangu!"

"Mama, wallahi sijashika—"

"Usirudie kuapa! Macho yangu yamepofuka? Leo hii hulali kwangu!"

Akapitisha mkono mbele ya kifua cha mwanawe ili auchomoe ufunguo na kuutupilia mbali. Mkono ulipapasa huku, ukapapasa kule. Mbele ya Asaad hapakuwa na ufunguo. Hapakuwa na usukani. Palikuwa na mkoba mweusi wa kike, ameupakata kwa adabu.

"Mwache mtoto, Bakhita," ilisema sauti kutoka kiti cha kulia.

Bi Nunu alikuwa amelikunja buibui mpaka magotini, mikono yote miwili imeushika usukani.

"Tangu nitoke Unguja, kila gari la nchi hii usukani uko kushoto; nikikaa kuendesha, mkono wangu watafuta gia, wakuta mlango. Hili la Kijapani usukani uko kulia, kama ya kwetu. Funga mlango huo, mwanangu. Nna mzunguko mmoja bado."