Gauni Lisilojaribiwa

Bi Tunu, fundi cherehani, alianza kumshuku mteja wake aliposema, "Sina haja ya kulijaribu." Gauni zuri vile, mshono aliobuni Tunu mwenyewe, na mtu hataki hata kujitazama kwenye kioo?

Mteja akaondoka na kusahau mkanda. Kesho yake Tunu akampelekea kazini kwake, kwenye kiwanda kipya cha nguo. Alilikuta gauni mezani limefumuliwa lote, wakataji wakichora kila kipande kwenye karatasi.

"Usikasirike, fundi," mteja alisema. "Mshono huu utavaliwa nchi nzima. Mabinti wengi wa hapa watapata kazi."

"Na mimi je?"

Mteja akawageukia wakataji. Tunu akachukua mkono mmoja wa gauni, uliokuwa bado haujachorwa, akaukunja taratibu, akautia kwapani. Pale nje, mlinzi alikuwa anafunga geti huku akimtazama Tunu.