Sala Iliyonyooshwa

Siku hizi hakuna sala inayosikika usharikani kabla mashine haijainyoosha. Muumini hunong'ona maneno machache kwenye kipaza sauti, kisha wote huisikia sauti yake ikiimalizia sala kwa maneno yasiyo na kosa la imani. Hata mchungaji hunyooshewa.

Baada ya ibada, Nakijwa alimmenyea mumewe, Elinami, chungwa. Kesho yake mzee angefanyiwa upasuaji wa moyo.

"Mama Kunda, niombee," Elinami akamwambia mkewe.

"Si nimekuombea kanisani?"

"Ile ilikuwa ya mashine. Nataka ile yako ya kumgombeza Mungu."

Nakijwa akacheka, akamshika mkono. "Ee Bwana, huyu mzee wangu..."

Kwa mazoea, alisubiri mashine imalizie. Elinami, macho kayafumba, alikuwa bado anangoja.