Sauti Nyuma ya Pazia

Mwanamume aliyevaa buibui aliingia kwa mlango wa wanawake, na Bwana Nasser, ambaye hakuruhusu hata binamu wa kiume kuvuka ukumbi, alimfungulia mwenyewe.

Alikuwa Borafya wa Kikwajuni. Unguja nzima ilimpenda. Jioni ya mchezo wake mitaa ilinyamaza, watu wakajazana kwenye maduka yenye redio. Alianza kwa kuwaiga wauza kahawa barazani. Sasa, kwa kuwa hakuna mzazi aliyemwachia bintiye kwenda kuigiza, sauti zote za kike redioni zilikuwa zake. Wanawake walilia naye, kisha wakamkuta sokoni na masharubu yake mazito, wakacheka mpaka wakalia tena.

Nasser alimdharau. Mwanamume mzima, alikuwa akisema, kazi yake kuwa mwanamke. Alimdharau kama alivyomdharau kila mtu mwenye kazi. Yake yeye ilikuwa kuusimulia utajiri wa babu yake.

Lakini leo alimhitaji. Binti yake, Badriya, alikuwa ameshapambwa, anaozwa Suud, mzee wa karafuu wa Mangapwani. Badriya alikuwa ameapa kwamba akiulizwa atakataa, na barabarani watamsikia. Sheikh Silima naye alikuwa mkali: kimya cha bibi harusi hakikumtosha. Sharti asikie jibu kwa masikio yake, pamoja na mashahidi, kutoka nyuma ya pazia.

Borafya alikubali pale pale. Nasser hakushangaa; watu wa namna ile, aliona, huona fahari kuitwa nyumba kubwa. Borafya aliomba jambo moja tu: akae kwanza chumbani na Badriya, aishike sauti yake.

Bi Bahiya, mama yake Badriya, aliingiwa na hofu. "Utamfungia mwanamume na mwanao?"

"Kwani huyo mwanamume?" Nasser alisema.

"Na Badriya akipiga kelele?"

"Kumnyamazisha niachieni mimi," Borafya alisema kwa upole.

"Haya," Nasser alisema. "Wanawake mnajuana."

Nasser akawateremsha wanawake wote chini, akawafungia wawili wale. Sheikh alipopanda, mlango ulifunguliwa, pazia likabaki.

Sheikh aliuliza mara tatu. Mara zote tatu sauti ya Badriya, pamoja na kile kikohozi chake kidogo cha haya, ilijibu: "Nimeridhia." Hata Nasser vinyweleo vilimsimama.

Sheikh alipokwisha kuteremka kwa wageni na kufunga nikaha, buibui lilitoka chumbani, uso umefunikwa. Nasser alilisindikiza mwenyewe hadi mlango wa nyuma, asije mtu akaliuliza ni nani.

"Nenda zako, mwanamke," alisema.

Buibui liliinama, likambusu mkono. Nasser aliufuta mkono kwenye kanzu kwa kinyaa, akaukomea mlango.

Kisha bwana harusi akapandishwa ghorofani kwa vigelegele. Suud akaketi kitandani, akajikohoza, akaufunua mtandio wa kijani.

Masharubu.

"Karibu, mume wangu," ilisema sauti ya Badriya. "Mimi ndiye niliyeridhia."