Bidoni ya Pili

Wimbo wa kumtukana komanda ulikuwa umeingia kwenye simu ya komanda, na simu ilikuwa imesharudi kwake.

Aliyeuweka ni Nestor mwenyewe. Kibanda chake pale sokoni Masisi kilikuwa cha kuchaji simu. Nyuma ya pazia kulikuwa na maikrofoni moja iliyovalishwa soksi, na hiyo ndiyo ilikuwa studio ya Mulima Rap, kampuni ya muziki isiyo na mfadhili. Redio hazikutaka nyimbo zao. Basi kila simu iliyoletwa kuchajiwa iliondoka na wimbo mpya wa kampuni, na huo ndio uliolia mwenye simu akipigiwa. Hakuna aliyeombwa ruhusa. Watu walikuja kulalamika, wakarudi nyumbani wanaimba.

Asubuhi hiyo askari wa bariere, kizuizi cha barabarani cha komanda, alileta mfuko wa simu. Nestor alizijaza zote wimbo mpya. Baadaye akaambiwa kwamba moja ilikuwa ya mkubwa, akakaa chini.

Wimbo ulikuwa wa Ngabo, msanii wake wa kwanza. Ngabo alikuwa anaposa kijijini Muheto, binti anayeitwa Uwamwezi. Walishakubaliana mahari ya ng'ombe watano, na faida ya wimbo ndiyo ingewanunua. Kila alipotoka huko kwenye mazungumzo alirudi na hasira na mistari mipya. Njia ya Muheto inapita kwenye bariere, kwa hiyo Nestor hakuona sababu ya kuuliza hasira ilitoka wapi.

"Ukileta bidoni ya kasiksi, tumbo linatangulia kukupokea," Ngabo aliimba kuhusu dumu hilo la pombe ya ndizi. "Pombe anamaliza, midomo anapangusa, anauliza: ya pili iko wapi? Ng'ombe hakufuga, lakini anawahesabu."

Mama Kasoki, mfanyabiashara wa Butembo mwenye jenereta na malori, alikuja kuangalia mali yake kabla haijachomwa moto.

"Papa Nestor," alisema, "mimi nilikukopesha jenereta. Shingo sikukukopesha."

Nestor alimwambia Ngabo akimbie. Ngabo alikuwa anakula fufu. Aliuliza akimbie nini, akaendelea kula.

Mchana pikipiki ya komanda ikasimama mlangoni. Aliingia na simu mkononi, nayo inalia. Hakuipokea. Aliuacha wimbo mpaka ukaisha, akauliza nani aliimba. Ngabo akanyoosha mkono wenye fufu.

"Huyu muntu wa wimbo namujua," komanda akasema. "Iko ule mwizi wa bariere ya Walikale. Ile tumbo njo yake kabisa."

Akacheka mpaka kofia ikaanguka. Aliamuru askari wake wote wauweke, na kila raia anayepita bariere akaguliwe simu kama anao.

Hapo ndipo kampuni ilipokua. Malori ya Mama Kasoki yalibeba kadi za memori hadi Mpofi na Buleusa, katikati ya magunia ya chumvi. Komanda wa adui, upande wa Walikale, aliusikia, akamtambua mara moja yule mlafi wa Masisi, akaagiza katoni nzima ya kadi. Vita iliendelea kama kawaida, ila sasa simu za pande zote mbili zililia wimbo mmoja. Nestor alinunua maikrofoni ya pili, na soksi yake. Alichukua wasanii wengine, akiwemo dada mmoja, Fifi, aliyeimba haraka kuliko alivyoweza kupumua.

Siku moja akatangaza kwamba wiki hiyo wanajaza simu za Muheto. Ngabo, ambaye hakuogopa bunduki, akaacha kula.

"Kaka, wacha Muheto."

Nestor alimkumbusha kwamba komanda mwenyewe ndiye aliyeamuru. Ngabo akasema sawa, lakini Muheto waiache. Nestor akaona kijana ameanza kulegezwa na sifa. Siku ya soko la Muheto alipeleka jenereta na waya, akachaji bure, akajaza hata simu za wazee.

Jumapili walikwenda Muheto kufunga mazungumzo, Nestor akiwa msemaji wa upande wa mume, Ngabo nyuma yake na bidoni moja ya kasiksi kichwani. Kwenye bariere askari waliwapigia saluti, wakawapisha bila kugusa kitu.

Papa Sebarenzi, baba wa Uwamwezi, alitoka kuwapokea, tumbo likitangulia. Mfukoni mwake simu ikaanza kulia. Hakuipokea. Aliuacha wimbo mpaka ukaisha, na hakucheka.

Ng'ombe watano wakawa wanane. Bidoni moja ikawa mbili, na ya pili iletwe kwanza.