Maneno Makavu ya Ishida

Siku Abass alipozikwa, wanaume hawajarudi kutoka makaburini, simu ya Samiha ililia chini ya mto. Ujumbe ulikuwa wa Kijapani, mistari miwili tu: "Mwaka wa kwanza chakula hakina ladha. Kula hivyo hivyo."

Hakuna pole, hakuna dua. Lakini ndio ujumbe uliomtoa Samiha machozi.

Alikuwa ameketi chumbani kwake, Makorora, nguo nyeupe mwilini, ameanza kumkalia mumewe eda ya miezi minne na siku kumi. Mama mkwe wake, Bi Mwamvua, alikuwa ubavuni mwake.

"Nani huyo?"

"Mzee Ishida, mama. Mnunuzi wa pweza."

"Hata leo kakuamrisha?"

"Kaniamrisha nile."

"Basi leo kasema la maana," Bi Mwamvua akasema, akamsogezea bakuli la uji.

Kwa miaka minne Abass alinunua pweza kwa wanawake wa Tongoni wanaowachokoa mwambani maji yakitoka, akamuuzia Ishida huko Japani. Samiha ndiye aliyeandikiana na Ishida. Kijapani alifundishwa sekondari na mwalimu wa hesabu wa kujitolea kutoka Japani, dada mpole aliyemwonyesha jinsi mwanamke wa kwao anavyosema: huomba radhi kwanza, huzunguka, hakatai waziwazi, na neno la mwisho humwachia mwenzake. Samiha hakupata tabu. Ndivyo alivyolelewa hata kwa Kiswahili.

Ishida hakuzunguka. "Ghali." "Punguza." "Wiki hii wadogo." Hivyo, mwalimu alisema, ndivyo wanavyosema wanaume wa soko la samaki. Abass alikuwa akicheka: "Mke wangu, wewe unabembeleza, mzee anabweka, na pweza wanauzika!"

Mara moja tu Ishida aliandika marefu. "Acha kuniomba radhi. Mimi niliacha nikiwa na miaka thelathini. Kesho yake soko zima likaanza kunisikiliza."

Siku ya tisa ya eda, Mselem, mdogo wake Abass, alisimama nje ya pazia la mlango.

"Shemeji, naomba ile simu ya biashara."

"Ya nini, shemeji?"

"Uko edani. Huwezi kuandikiana na mwanamume asiye maharimu yako."

"Naandika habari za pweza."

"Na kukwambia ule, nazo ni habari za pweza? Mama kanihadithia."

Bi Mwamvua alidakia kwa aibu: "Mselem, nimemuuliza mwalimu wa chuo cha Kurani. Kasema kwa haja si vibaya."

"Mama, haya ni ya wanaume."

Jibu lilikuwa limemkaa Samiha kooni, fupi, lenye makali. Lakini mdomo wake ukasema, "Samahani, shemeji, labda tungezungumza kidogo..." Mkono ulikuwa umeshapenya pembeni mwa pazia. Simu ikaenda.

Tangu siku ile Mselem akawa anamwandikia Ishida kwa programu ya kutafsiri, kisha anakuja kusoma kwa sauti nje ya pazia, kifua mbele.

"Leo nimemwambia kinagaubaga: sasa unazungumza na mwanamume mwenzio."

"Kajibuje?" Samiha akauliza.

"Kasema, 'Samiha yuko wapi?'"

Wiki iliyofuata: "Samiha yuko wapi?" Na iliyofuata tena. Oda hazikuja. Friza likajaa hadi kifuniko kikakataa kufunga. Wanawake wa Tongoni walikuja kumwona mfiwa, wakakaa mkekani wakiangalia kucha zao. Mwisho mmoja akashindwa kuvumilia.

"Samiha, huyo Mjapani wenu kafa naye? Tumerudi kuuza kwa wachuuzi. Wanatupa wanachotaka."

Mstari mmoja tu kwa Ishida ungetosha, na ulikuwa kichwani mwa Samiha, umepangika neno kwa neno. Walipoondoka alipiga ngumi godoro mpaka Bi Mwamvua akamshika mkono.

"Nikitoka edani sitakuta kitu, mama. Nitakuta Mselem."

Mwezi wa nne ulipoingia, Mselem alikuja mbio.

"Anakuja! Kaandika, 'Nanunua kwa Samiha. Nitafika Alhamisi.' Lakini humo hataingia. Chumba cha eda mwanamume haingii. Mimi mwenyewe siingii! Atakaa barazani, atazungumza na mimi, na mimi ndiye nitakayeamua."

"Shemeji," Samiha akasema, "nipe simu."

Hakusema samahani, wala labda.

"Baada ya eda," Mselem akajibu, lakini sauti ilikuwa imepungua.

Alhamisi asubuhi Mselem alipanga viti barazani, akavaa kanzu iliyopigwa pasi. Alikuwa amenunua kofia ya viua, nzuri, zawadi ya mgeni. "Mzee na mzee mwenzie," Bi Mwamvua alinong'ona, akicheka kwenye upindo wa kanga.

Gari likasimama. Samiha alisikia mlango wa gari ukifungwa, kisha sauti ya Mselem: "Karibu sana, mzee wan..." Ikakatika hapo hapo.

Viatu vikavuliwa. Pazia likainuliwa. Akaingia bibi mwembamba wa miaka sabini hivi, nywele nyeupe zimekatwa fupi, akapiga magoti mkekani mbele ya Samiha, akamtazama usoni.

"Umekula?" Ishida akauliza kwa Kijapani.

Mpaka sasa wamo ndani, wanapanga bei, na Mselem yuko barazani na kofia yake mkononi, anangoja aambiwe.