Debe la Siwatu

Msimu ule kazi ya Siwatu ilikuwa kulinda mahindi. Alishinda juu ya dungu, na tumbili walipotokeza msituni alipiga debe mpaka wakakimbia. Alibaki mmoja tu, dume mwenye mkia uliokatika. Huyo aliketi ukingoni mwa shamba akisubiri kelele ziishe, kwa kuwa kila zilipoisha Siwatu alishuka na hindi bichi, akalivunja katikati, wakala pamoja.

Siku hiyo baba yake alikuja na jirani yao Makame, na mbwa. Wakajibanza nyuma ya dungu.

"Leo usipige debe," baba alinong'ona. "Waache waje."

"Baba, huyu Kikatu haharibu. Anakula nusu hindi tu."

"Kikatu? Umeshampa na jina?"

Siwatu aligeuka kutazama shamba. Majani ya ukingoni yalikuwa yanatikisika, na yeye hakuwa na kitu kingine cha kumfukuzia rafiki yake. Alilinyakua debe akalipiga kwa nguvu zake zote. Fimbo ilipovunjika, akaendelea kwa ngumi.

Tumbili wakatawanyika, matawi yakavuma, msitu ukawameza. Baba alitukana.

Kisha mahindi yakaachana, akatoka Kikatu peke yake, mbio, moja kwa moja.

"Nenda!" Siwatu alilia, akipiga. "Nenda zako!"

Makame akawaachia mbwa. Kikatu alikuwa ameshaketi chini ya dungu, kiganja wazi, akimtazama juu, akisubiri kelele ziishe.